Sikukuu Iliyosubiri Barabara

UHURU wa kuabudu ni neno tamu mdomoni. Lakini siku ya sikukuu, wageni wanapofurika, uhuru huo hupimwa kwa mambo madogo: njia, kelele na subira ya jirani. Nayasema haya kwa sababu ya shauri moja lililounguruma Uingereza kwa karibu miaka kumi, na habari zake zikatufikia hata sisi wa Marungu, huku Taita Taveta.

Huenda ukauliza, msomaji mpenzi, Marungu na hekalu la Wahindi ni wapi na wapi? Reli ndiyo iliyotukutanisha. Ilijengwa kuanzia 1896 hadi 1901 na vibarua zaidi ya 30,000 kutoka Bara Hindi. Ikapita Maungu na Voi, na nyuma yake yakaja maduka. Marehemu baba yangu alipima sukari na unga katika duka moja la Mhindi mjini Voi. Ikifika Diwali, taa za mafuta zilipangwa barazani, na baba alirudi nyumbani na mfuko wa peremende. Hakuna aliyelalamika.

Mwaka 1967 Kenya ilipitisha sheria za uhamiaji na za leseni za biashara. Asiyekuwa raia alihitaji kibali cha kufanya kazi, na hakuruhusiwa kuuza popote apendapo. Mwaka uliofuata familia ile ilifunga duka ikaenda Uingereza, kama maelfu ya wenzao. Mwaka 1972 Idi Amin naye akawapa Waasia wa Uganda siku 90 waondoke.

Huko ugenini wengi wao walipata pa kusalia. Mwaka 1973 George Harrison, mwanamuziki wa Beatles, aliwapa wafuasi wa Krishna jumba la Bhaktivedanta Manor, katika kijiji cha Letchmore Heath karibu na Watford. Sikukuu ya Janmashtami, ya kuzaliwa kwa Krishna, ikawa inavuta makumi ya maelfu ya watu. Kijiji ni kidogo, na barabara yake nyembamba. Wanakijiji wakachoka na magari. Mwaka 1987 Baraza la Hertsmere likatoa agizo la kuzuia hekalu lisipokee umma kwa ibada na sikukuu.

Waumini walikata rufani. Mwaka 1990 waziri akawakatalia, na mahakama nazo hazikuwaokoa. Machi 1994 Tume ya Ulaya ya Haki za Binadamu ikaamua kwamba haki ya kuabudu haiondoi sheria za mipango ya ardhi. Mwezi huo huo waumini waliandamana katikati ya London; waandalizi walisema walifika 36,000.

Binti wa mwenye duka alipokuja kutuona miaka hiyo, alimweleza baba habari hizi.

"Kumbe shauri lenyewe ni magari, mwanangu?" baba akauliza.

"Mzee, kwenye karatasi ni magari. Ya moyoni siyajui."

Baba alinyamaza kitambo, kisha akasema, "Hapa tuliwaachia sikukuu tukawanyima leseni. Kule mmepewa leseni mkanyimwa sikukuu."

Maneno hayo hayajanitoka hadi leo. Mgeni anaweza kupewa kipande kimoja cha maisha akanyimwa kingine, na kila anayemnyima akawa na sheria mkononi.

Je, mambo yaliishaje? Mei 1996 waziri wa mazingira, John Gummer, aliruhusu hekalu lijenge njia yake lenyewe, isiyopita kijijini, na sikukuu ziendelee. Njia hiyo inaitwa Dharam Marg. Wanakijiji wakapata utulivu, waumini wakapata siku yao. Miaka yote hiyo ya mawakili, na dawa ilikuwa kipande cha barabara!

Tusidhani hayo ni ya Wazungu na Wahindi tu. Katiba yetu ya 2010, kifungu cha 32, inampa kila mtu haki ya kuabudu, peke yake au pamoja na wenzake, hadharani au faraghani. Kanuni za mwaka 2009 nazo zinazuia kelele za kupita kiasi. Huku kwetu, ambako Mtaita, Mkamba na Mduruma wanapakana, mkesha wa mmoja ni usingizi uliopotea wa mwingine. Leo ni mkutano wa injili, kesho ni maulidi, keshokutwa ni arusi.

Ushauri wangu ni huu: kabla ya kumshtaki jirani kwa sikukuu yake, muulize kwanza ni nini hasa kinachokukera. Ni vipaza sauti? Vigeuzwe upande. Ni magari? Tafuteni kiwanja. Lakini mkishaondoa magari na kelele, na bado hutaki kumwona akisherehekea, basi ujue tatizo lako halikuwa barabara. Hilo hakuna hakimu awezaye kukutibu.