Mtaa Uliobaki Vitabuni

Nilipohamia mji wa Saint Paul, Marekani, jioni nikitoka kazini nilikuwa nikivuka daraja la Wabasha kwa miguu na kukatiza bondeni, ng'ambo ya mto Mississippi. Niliona maghala, maegesho ya magari na ukuta wa kuzuia mafuriko, basi.

Mzee mmoja Myahudi, niliyefanya naye kazi, ndiye aliyenieleza kwamba pale palikuwa na watu. Bonde hilo, West Side Flats, lilipokea Wayahudi waliokimbia mateso Urusi kuanzia miaka ya 1880. Pango lilikuwa nafuu, kwa kuwa mto ukifura maji yaliingia hadi vyumbani. Wakajenga masinagogi, wakafungua bucha na maduka. Wengine walizunguka na mikokoteni wakinunua vyuma chakavu. Baadaye wakaja Wameksiko, wakaishi nao ukuta kwa ukuta. Mwaka 1952 mafuriko makubwa yaliwahamisha, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 nyumba zikabomolewa kupisha viwanda. Ukuta ule leo unalinda viwanda. Enzi za wenyeji haukuwapo.

Nikatafuta vitabu. William Hoffman, mtoto wa bonde hilo, alichapisha kumbukumbu zake, Those Were the Days, mwaka 1957, nyumba zikiwa bado zimesimama. Norman Katkov, aliyelelewa Saint Paul na wazazi wahamiaji kutoka Urusi, alitoa riwaya ya Eagle at My Eyes mwaka 1948: mwandishi wa habari wa Kiyahudi anampenda mwanamke asiye wa dini yake, na familia haitaki hata kusikia. Kisa kizima kinatoka katika malezi ya nyumba za wahamiaji.

Hadithi zangu za wakati ule zilijaa theluji na viwanja vya ndege. Baada ya kuwasoma hao, kalamu yangu ilirudi Majengo, Mombasa, nilikozaliwa. Mama anakaanga mahamri alfajiri, mtoto wa jirani anabisha hodi, sahani mkononi: "Shikamoo, mama anaomba chumvi." Siku hiyo posa ya dada yake imevunjika, na kabla ya adhuhuri mtaa mzima unajua. Hapo ndipo riwaya yangu ya kwanza ilipoanzia.

Nanyi vijana wetu wa Afrika Mashariki mnaokulia mtaa wa Cedar-Riverside kule Minneapolis, msisubiri uzee. Andikeni majina ya maduka, ya misikiti, ya majirani. Mtaa unaweza kubomolewa mkiwa bado hai.