Kicheko Kikishapita

Wengi wetu huupima mzaha kwa kicheko. Msemaji husimama mbele ya hadhira, hutupa neno, watu wakaangua kicheko, naye huketi kwa raha zake akihesabu kuwa amefaulu. Mimi nimezoea kutazama kinachofuata: kicheko kimekwisha, watu wanafuta machozi kwa ncha za leso, na yule aliyetajwa anatafuta pa kuyaweka macho yake.

Mazoea haya yalinianza chuoni, tuliposomeshwa kisa alichokipokea Imamu Tirmidhi katika Shamail. Bibi kizee alimwomba Mtume (S.A.W.) amwombee dua aingie Peponi. Akajibiwa kwamba Peponi haingii kikongwe. Bibi akageuka, akaenda zake akilia. Hapo Mtume akaagiza ajulishwe kuwa hataingia hali ya kuwa kikongwe, kisha akasoma aya za Suratul Waqia zinazoeleza jinsi wanawake wa Peponi watakavyoumbwa upya. Neno lilikuwa la kweli tangu mwanzo. Ila ukweli wake ulikuwa haujamfikia mwenyewe, basi ukapelekwa.

Nilikikumbuka kisa hicho katika karamu ya walima wa ndugu yangu, huko Kisauni. Mshereheshaji, kijana mwenye ulimi mwepesi, alimwonyesha Ami yetu kwa kidole akasema: "Huyu alikwenda Arabuni na sanduku, akarudi na kufuli." Ukumbi mzima ulicheka. Ami naye alicheka, hata akapiga makofi. Sinia za biriani zilipoletwa, mahali pake palikuwa wazi.

Ami aliendesha gari Jeddah miaka tisa. Alichokipata kilikwenda katika karo na chakula cha watoto wanne wa marehemu kaka yake. Bwana harusi alikuwa mmoja wao, nami mwingine. Kijana yule hakuyajua haya, na ndugu yangu alimpigia simu usiku uleule kumweleza.

Wasemaji wengine, wakiambiwa wameumiza, husema, "Nilikuwa natania tu." Maneno hayo siyapendi. Humtwika aliyeumia mzigo wa pili, kwamba licha ya kuchekwa, sasa aonekane hana uvumilivu. Huyu, kwa bahati njema, hakuyasema. Alfajiri alikuja nyumbani, akambusu Ami mkono, akaomba radhi.

"Nimekusamehe, mwanangu," Ami alimwambia. "Lakini nilipochekwa hatukuwa wawili."

Ilikuwa kweli. Picha za video zilikwisha kuenea katika simu za watu, na watoto wa mtaani walikuwa wameshampa jina: Mzee Kufuli.

Wiki mbili baadaye palikuwa na harusi nyingine, na waalikwa karibu ni walewale. Kijana aliwataka wenye shughuli ruhusa, kisha akaja mwenyewe kumsihi Ami ahudhurie. Aliposhika kipaza sauti, aliurudia mzaha wake neno kwa neno. Watu wakacheka tena. Nilimwona ndugu yangu akikunja ngumi. Kijana akangoja hadi wakanyamaza, akasema: "Siku ile nilisahau kuuliza sanduku liko wapi. Nimeuliza. Liko humu ukumbini." Akatuita mmoja mmoja tusimame, sisi wanne, akataja kila mmoja amesoma nini na anafanya kazi gani, na nani aliyelipa.

Husemwa kwamba mzaha ukifafanuliwa hufa. Yawezekana, na mizaha mingi haina haja ya kufafanuliwa. Huchekwa ikasahauliwa kabla ya kahawa kupoa. Ule haukuwa wa namna hiyo. Ukumbi ulikaa kimya kitambo, kisha upande wa wanawake, nyuma ya pazia, kikapigwa kigelegele kimoja cha kizee, na vingine vikafuata. Ami alikula biriani yake hadi mwisho.

Video ya siku hiyo haikuenea kama ile ya kwanza. Watoto wa mtaani bado humwita Mzee Kufuli. Huitika, ingawa si kila siku.