Safari Fupi ya Lisbon, na Dhahabu ya Kilwa

Siku hizi si ajabu kumsikia karani aliyestaafu, au mkulima aliyepata bei nzuri ya chai yake, akisema kwamba angependa kuuona mji mkuu mmoja wa Ulaya kwa macho yake mwenyewe. Nia hiyo ni njema. Lakini wahenga walitukumbusha kwamba mtembezi hula miguu yake, na mtu mwenye siku nne tu na fedha za kuhesabu hawezi kutazama kila kitu. Yampasa achague mji mmoja, na katika mji huo aende na swali moja.

Katika makala haya twapenda kumweleza msomaji habari za Lisbon, mji mkuu wa Ureno, kwa kuwa historia ya mji huo imefungamana na ya pwani yetu tangu mwaka 1498. Swali tunalomshauri msafiri achukue ni hili: Je, ni kitu gani kilichotoka kwetu kikafika huko, nacho chaelezwaje na watu wa huko?

SAFARI HUANZIA NYUMBANI

Asiyeyajua ya kwao hatayafahamu ya ugenini. Basi kabla ya kuvuka bahari, msafiri na aende kwanza Malindi aitazame nguzo ya Vasco da Gama. Baharia huyo alifika Mombasa mwezi wa Aprili 1498 asipokewe vema, akaendelea hadi Malindi, ambako mfalme wa mji alimpa chakula na rubani wa kumwongoza hadi Calicut katika Bara Hindi. Kisha aingie Fort Jesus, Mombasa, ngome ambayo Wareno walianza kuijenga mwaka 1593, wakanyang'anywa na Waarabu wa Oman mwezi wa Desemba 1698 baada ya kuzingirwa kwa muda wa karibu miaka mitatu. Humo ataona vitu vilivyoopolewa baharini kutoka merikebu ya Santo António de Tanná, iliyozama mbele ya ngome hiyo mwaka 1697. Tena ajue kwamba makumbusho ya ngome hiyo, yaliyofunguliwa mwaka 1960, yalitengenezwa kwa msaada wa fedha kutoka Shirika la Gulbenkian, ambalo makao yake yako Lisbon.

HATI NA MATAYARISHO

Ureno ni mojawapo ya nchi za Schengen, kwa hiyo raia wa Kenya hana budi kuomba visa ya nchi hizo. Maombi hupokelewa mapema hadi miezi sita kabla ya safari, na yasipelekwe zikiwa zimebaki siku chini ya 15. Pasipoti iwe na uhai wa miezi mitatu au zaidi baada ya siku ya kuondoka huko. Bima ya safari iwe ya euro 30,000 au zaidi. Kadhalika huhitajiwa karatasi za benki, uthibitisho wa mahali pa kulala, na tiketi ya kurudi. Tangu Juni 2024 ada ya mtu mzima ni euro 90, nayo hairudishwi visa ikikataliwa. Kwa sababu hiyo ni busara kukamilisha karatasi zote kabla ya kulipa hata senti moja.

Nyumba nyingi za makumbusho za Lisbon hufungwa siku ya Jumatatu. Basi siku nne zako zianze Jumanne. Nyingine hufungwa kwa miezi mingi zinapokarabatiwa, kwa hiyo uliza kwanza, ndipo ununue tiketi ya ndege. Majira ya Aprili na Mei, au Septemba na Oktoba, hayana joto kali. Mji umejengwa juu ya vilima, na njia zake zimetandikwa vijiwe laini vinavyoteleza mvua inyeshapo. Viatu imara vitakufaa kuliko viatu vya fahari.

Lugha isikutie hofu. Utakapoketi mezani utasikia *mesa*, na ukiona bendera wataita *bandeira*. Leso ni *lenço*. Maneno hayo yalibaki kwetu Wareno walipoondoka. Hata neno gereza, wataalamu husema, latokana na *igreja*, yaani kanisa.

SIKU YA KWANZA: BELÉM

Panda tramu namba 15 uelekee Belém, kando ya mto Tejo, mahali zilipoanzia merikebu za India. Hapo pana Monasteri ya Jerónimos, ambayo Mfalme Manuel wa Kwanza alianza kuijenga mwanzoni mwa karne ya 16. Itazame kazi ya wachonga mawe: nguzo zimezungushwa kamba, na kuta zimepambwa kwa alama za mabaharia. Gharama ya kazi hiyo ilitoka kwa sehemu kubwa katika ushuru wa biashara ya Afrika na India, karibu sehemu moja katika kila ishirini. Kwa hiyo mtu wa pwani akiigusa nguzo ile asijihesabu kuwa mgeni kabisa.

Ndani ya kanisa liko kaburi la Vasco da Gama, aliyekufa Cochin mwaka 1524, na kulielekea kuna kaburi la ukumbusho la mshairi Luís de Camões. Katika utenzi wake mkubwa, *Os Lusíadas*, uliochapishwa mwaka 1572, mfalme wa Malindi ndiye anayeketi kusikiliza historia yote ya Ureno ikisimuliwa na mgeni wake. Msomaji na ajiulize: huyo aliyesikiliza kwa adabu, habari zake mwenyewe zilisimuliwa na nani?

SIKU YA PILI: DHAHABU YA KILWA

Siku hii ndiyo kiini cha safari. Nenda katika Makumbusho ya Taifa ya Sanaa za Kale, barabara ya Janelas Verdes, ukaulizie Custódia de Belém. Hicho ni chombo cha dhahabu cha kuonyeshea Ekaristi katika ibada ya Wakatoliki. Si kikubwa, kimo chake ni karibu sentimita 73, lakini ufundi wake ni wa ajabu. Mitume 12 wamepiga magoti kwa duara, kila mmoja na sura yake, na juu yao njiwa ananing'inia. Kilifanywa na sonara Gil Vicente. Maandishi ya kwenye kitako chake yaeleza wazi kwamba Mfalme Manuel aliamuru kifanywe kwa dhahabu ya kodi ya Kilwa, nacho kilimalizika mwaka 1506.

Habari yenyewe ni hii. Kilwa Kisiwani ulikuwa mji wa mawe uliotawala biashara ya dhahabu iliyotoka bara kupitia Sofala. Uligonga sarafu zake wenyewe, na msafiri Ibn Battuta aliuzuru mwaka 1331 akausifu uzuri wake. Mwaka 1502 Vasco da Gama alirudi pwani hii, safari hii na merikebu nyingi za mizinga. Alimtisha mtawala wa Kilwa, Amir Ibrahim, kwamba mji utachomwa asipokubali kumlipa mfalme wa Ureno kodi. Amir Ibrahim alilipa. Habari za Wareno zataja mithkali 1,500. Mwaka 1503 dhahabu hiyo ilifika Lisbon.

Je, kodi iliuokoa mji? Haikuuokoa. Mwezi wa Julai 1505 Francisco de Almeida alifika na jeshi, akauteka Kilwa, akamweka mtawala mwingine na kujenga ngome. Mwezi uliofuata Mombasa ilitekwa, ikaporwa na kuchomwa moto. Yaani kabla sonara hajamaliza kazi yake, mji ulioitoa dhahabu ulikuwa umekwisha kuvunjwa. Na ngome ya Kilwa yenyewe Wareno waliiacha mwaka 1512.

Mbele ya chombo hicho msafiri asiwe na haraka. Mkono wa fundi wastahili sifa, wala hakuna haja ya kumnyima. Lakini kila mtu aliyewahi kulipa kitu kwa hofu, akijua kwamba malipo hayatamaliza hofu yenyewe, atamfahamu Amir Ibrahim kuliko mtaalamu yeyote. Tena maandishi yale hayakufichwa. Yaliandikwa kwa fahari. Jambo lililokuwa fahari mwaka 1506 leo ni ushahidi: lasema kwamba pwani yetu ilikuwa na mali kabla merikebu hazijafika, na laeleza jinsi mali hiyo ilivyoondoka.

SIKU YA TATU: MJI ULIOANGUKA

Tarehe 1 Novemba 1755, sikukuu ya Watakatifu Wote, tetemeko la ardhi liliuangusha mji, kisha mawimbi na moto vikamaliza yaliyosalia. Jumba la mfalme kando ya mto liliteketea pamoja na hati nyingi za biashara ya India. Waziri aliyejulikana baadaye kwa jina la Marquês de Pombal aliamuru mtaa wa Baixa ujengwe upya kwa barabara zilizonyoka, na nyumba zikatiwa viunzi vya mbao ndani ya kuta ili zisianguke tena kwa urahisi.

Karibu na hapo liko kanisa la São Domingos, ambako Waafrika wa Lisbon walikuwa na chama chao cha ibada tangu zamani. Hata leo uwanja wa mbele ya kanisa ni makutano ya watu wa Afrika Magharibi. Usiache kupita pia katika barabara ya Poço dos Negros, yaani Kisima cha Watu Weusi. Mwaka 1515 Mfalme Manuel aliagiza lichimbwe shimo la kutupia maiti za watumwa. Mfalme aliyeagiza shimo hilo ni yule yule aliyeagiza chombo cha dhahabu.

SIKU YA NNE: WAKATI WA KARIBU

Fika Aljube, karibu na kanisa kuu, gereza la zamani la wafungwa wa siasa, ambalo tangu mwaka 2015 ni makumbusho. Katika mji huo ndiko alikosomea kilimo Amílcar Cabral, aliyeongoza vita vya ukombozi vya Guinea-Bissau na Cape Verde. Serikali ilikuwa imefungua Nyumba ya Wanafunzi wa Dola mwaka 1944 ili vijana wa makoloni wawe watiifu. Humo wakafundishana uhuru, nayo ikafungwa mwaka 1965. Maliza katika uwanja wa Carmo, ambako tarehe 25 Aprili 1974 serikali ya kidikteta ilisalimu amri mbele ya askari wake yenyewe. Mwaka uliofuata Msumbiji ilipata uhuru.

BAADA YA KURUDI

Msafiri achukue daftari, aandike kila jioni aliyoyaona, na akirudi awasomee watu wa nyumbani. Kisha, Mungu akimjalia, afunge safari ya pili kwenda Kilwa Kisiwani, ayaone magofu ya msikiti mkuu na ya Husuni Kubwa, asimame mahali dhahabu ilipotolewa. Ndipo safari yake itakapokuwa imetimia, kwa kuwa ameziona ncha zote mbili za habari moja.