Kajiado Wakati wa Vita vya 1914: Njia, Maji na Majina

Mtu atokaye Nairobi kwa njia kuu ya Arusha hufika Athi River, akaiacha njia ya Mombasa, akageukia kusini. Mara huingia Kitengela, kama kilomita 30 kutoka mji mkuu. Zamani hapo palikuwa mbuga tupu ya nyumbu, punda milia na ng'ombe wa Wamasai wa Kaputiei. Leo ni mji mkubwa: hesabu ya mwaka 2019 ilipata humo zaidi ya watu 150,000. Akiendelea mbele hupita Isinya, na baada ya kilomita kama 80 tangu Nairobi hufika Kajiado, makao makuu ya kaunti yenye jina hilo. Mbele yake iko Ilbissil, kisha Namanga, chini ya mlima Ol Doinyo Orok, maana yake Mlima Mweusi. Ng'ambo ya mpaka, katika nchi ya Tanzania, waonekana mlima Longido.

Jina la Kajiado latokana na Olkejuado, yaani mto mrefu. Lakini asidhani mtu kwamba mto huo hujaa maji mwaka mzima. Kwa miezi mingi ni mchanga mtupu, na atakaye maji hana budi kuchimba. Nchi yenyewe ni tambarare, ina udongo mweusi unaonata wakati wa mvua na kupasuka wakati wa kiangazi, na mvua zake ni haba. Mambo hayo yakumbukwe, kwa maana ndiyo yaliyoamua habari ya vita katika sehemu hizi kuliko bunduki na mizinga.

Mwaka 1886 Waingereza na Wajerumani waligawana nchi kwa kuchora mstari kutoka pwani hadi Ziwa Viktoria. Mstari huo uliipasua nchi ya Wamasai vipande viwili. Wenye nchi hawakuulizwa, na ndugu wakajikuta chini ya serikali mbili. Upande wa Waingereza mambo hayakuishia hapo. Kwa mapatano ya mwaka 1904, na tena ya mwaka 1911, Wamasai waliondolewa katika malisho yao ya Bonde la Ufa na Laikipia, wakasukumwa kusini. Kwa hiyo vita vilipozuka Agosti 1914, wengi wa waliokuwa wakiishi kusini walikuwa wageni waliofika karibuni na mifugo yao, wala hawajazoea bado visima vya mahali hapo.

Wakati huo Kajiado ilikuwa kituo kidogo cha reli. Kampuni ya magadi ilikuwa imeanza kujenga njia ya gari moshi kutoka Konza, katika reli kuu ya Uganda, kupitia Kajiado hadi Ziwa Magadi, mwendo wa kilomita kama 145. Reli hiyo haikukusudiwa vita. Ilikusudiwa kuchukua magadi hadi Mombasa. Lakini ilikuwa ndiyo reli iliyokaribia mpaka kwa upande wa Longido. Hivyo kituo kile kikawa mlango wa jeshi. Askari na farasi, unga na risasi, vyote vilishushwa Kajiado, vikaendelea kusini kwa magari ya kukokotwa na ng'ombe, kwa nyumbu, na kwa vichwa vya watu.

Wajerumani nao walikwisha jipanga Longido, kwa sababu mlima ule una chemchemi. Kutoka huko vikosi vyao vidogo vilivuka mpaka kuja kuharibu reli. Septemba 1914 kikosi kimoja kilipambana na wapanda farasi wa Kiingereza katika vilima vya Ingito, upande wa Magadi. Ndipo Waingereza wakaazimu kuwatoa Longido siku zile zile ambapo jeshi lao jingine lingeshuka pwani ya Tanga. Usiku wa kuamkia tarehe 3 Novemba 1914, askari kama 1,500 chini ya Jenerali Stewart walitoka Namanga gizani. Wengi wao walikuwa Wahindi, na pamoja nao walikuwako walowezi wapanda farasi. Walipanda mlima katika ukungu, wakapigana mchana kutwa na askari wa Meja Kraut. Lakini nyumbu waliochukua maji walitishwa na milio ya bunduki, wakatimka. Jua likawaka, koo zikakauka, na jioni ilipofika jeshi likageuka kurudi Namanga. Wajerumani waliihama Longido wenyewe baadaye mwezi ule ule, na Waingereza wakauchukua mlima bila kupigana. Mambo kama hayo ndiyo yaonyeshayo kwamba katika nchi kavu mwenye kisima ndiye jemadari.

Machi 1916, Jenerali Smuts alipokuwa amekwisha shika uongozi, jeshi la Stewart liliondoka Longido, likazunguka Kilimanjaro upande wa magharibi, na katikati ya mwezi Moshi ikawa mikononi mwa Waingereza. Hapo tena kilichowachelewesha hakikuwa adui peke yake, bali ukosefu wa njia na wa maji. Reli ya kijeshi iliyofika Moshi ilitoka Voi, si Kajiado. Tangu siku hizo kelele za vita zikahamia kusini, nacho kituo cha Kajiado kikarudia kazi yake ya magadi na ng'ombe.

Hayo ndiyo yaliyoandikwa vitabuni, na majina ya majenerali hayatapotea. Bali liko swali jingine: ni nani aliyebeba ule unga? Kila askari aliyekwenda vitani alihitaji watu wa kumchukulia chakula, risasi na maji. Na kila mahali ambapo gari lilikwama katika udongo mweusi, au ng'ombe wakafa kwa mbung'o, mzigo ulihamia kichwani mwa mtu. Watu hao walitolewa Ukamba, Ukikuyu, Nyanza na kwingineko, wengi wao kwa nguvu, hasa katika mwaka 1917. Waliokufa katika kundi la wapagazi la Kenya peke yake walizidi 40,000. Si risasi iliyowaua wengi, bali kuhara, malaria, kichomi na unga usiopikwa vizuri. Mtaa wa Kariokor huko Nairobi, na Kariakoo ya Dar es Salaam, yote miwili yapata jina kutokana na kundi hilo.

Wamasai hawakufanywa wapagazi, lakini vita havikuwapita. Serikali ilitaka ng'ombe wao kwa nyama ya jeshi, na mwaka 1918 ilipotaka kuwaandika morani katika Keya kwa lazima, kulitokea mapigano huko Ololulunga, upande wa Narok, na watu wakauawa. Mwaka ule ule kukawa na ukame, na nyuma yake homa kubwa ya mafua iliyoenea dunia nzima. Wapiganapo tembo, nyasi ndizo ziumiazo. Na hapa nyasi zenyewe zilikuwa zimekwisha kauka.

Baada ya vita ilionekana kwamba mishahara mingi ya wapagazi waliokufa haikuchukuliwa na mtu. Majina yalikuwa yameandikwa vibaya, au kijiji hakikutajwa, au hayakuandikwa kabisa. Mjane aliyengoja mlangoni hakupata mume wala haki ya jasho lake. Kosa la kalamu la karani mmoja, lililofanywa kwa haraka kando ya reli, liliweza kuifuta nyumba nzima. Na mwezi wa Aprili 2021 tume ya Jumuiya ya Madola itunzayo makaburi ya vita iliomba radhi mbele ya ulimwengu, ikikiri kwamba askari na wapagazi wasiopungua 116,000 wa vita ile, wengi wao Waafrika na watu wa Mashariki ya Kati, hawakukumbukwa kwa majina, au hawakukumbukwa kabisa.

Na itazamwe upande wa pili. Asafiriye kwa njia hii ya Kajiado mpaka Arusha, kisha akaelekea Moshi, hufika Tengeru. Hapo, wakati wa vita vya pili, palikuwa na kijiji cha Wapoland wapatao 5,000, wengi wao wanawake na watoto. Walikuwa wamefukuzwa makwao na Warusi mwaka 1940 na 1941, wakapelekwa Siberia, kisha wakapita Uajemi mpaka Afrika. Kijiji kilikwisha vunjwa miaka mingi iliyopita, lakini makaburi yao kama 150 yangali yakitunzwa, na majina yamechongwa juu yake. Wageni hutoka mbali kuja kuyaona. Hakuna awezaye kuwaonea wivu wafu hao, maana waliteswa sana. Lakini ndio ushahidi kwamba jina likiandikwa na kutunzwa, hata maskini aliyekufa ugenini hubaki mtu.

Jambo hili si la kale tu. Katika Kajiado ardhi iliyokuwa ya makundi ya wafugaji tangu sheria ya mwaka 1968 imekatwa vipande, na vipande vimekatwa viwanja. Ua hupita mahali palipokuwa njia ya ng'ombe, na nyumba husimama mahali palipopigwa hema za jeshi. Kilima kikipewa jina la duka, jina lake la Kimasai husahauliwa katika kizazi kimoja. Wazee waliosimuliwa na baba zao habari za magari ya ng'ombe na visima vya Ilbissil wazidi kupungua kila mwaka.

Mkulima ana daftari la mbegu na madeni. Karani ana kalamu na karatasi. Si kazi kubwa kuandika ukurasa mmoja zaidi: jina la babu, mahali alikotoka, kisima alichochimba, mwaka alioondoka na njia aliyoishika. Serikali zilizoleta vita zilihesabu magunia ya unga kwa uangalifu kuliko zilivyowahesabu waliobeba. Hesabu hiyo iliyosalia haiwezi kufanywa na serikali peke yake. Yangoja watoto wa wale waliobeba.