Ngoma Inayosikika kwa Nyayo

Shinyanga, Julai

Shangazi,

Mimi mzima, ila vumbi la huku limeingia mpaka kwenye kurasa za daftari hili. Mpunga umeshavunwa, pamba iko kwenye mizani, mashambani yamebaki mabua. Huu ndio msimu wa Wasukuma kucheza. Uliniagiza nisikuandikie habari za dhahabu tu, basi leo pokea za ngoma.

Unazikumbuka zikri za Alhamisi usiku pale nyumbani? Pumzi za watu zilitoka kifuani kwa pamoja mpaka nikadhani chemli inatikisika. Ulikuwa ukisema sauti ile haiishii masikioni, inapita mgongoni. Kwa kuwa njia ile ya zikri tuliipokea kwa Sheikh Uways wa Barawa, yule aliyeuawa 1909, na masheikh wenzake, nilikua nikiamini jambo la namna hiyo ni la pwani. Nilikuwa sijafika huku.

Huku wapo Bagalu na Bagika. Ni vyama viwili vya ngoma vilivyotokana na waganga wawili wa karne ya 19, Gumha na Ngika, waliokuwa wakishindana nani ana dawa kali kuliko mwenzake. Anayeingia chamani huchanjwa, hupewa dawa, na huwa na mwalimu wa kumfuata. Dawa ya kuvuta watu inaitwa samba. Siku ya mashindano vikundi viwili hupangwa uwanja mmoja, kila kimoja na manju wake anayeongoza nyimbo, na ngoma zinalia kwa wakati mmoja. Atakayebaki na watu wengi ndiye mshindi.

Jumamosi nilisimama katikati ya uwanja wa namna hiyo, nje kidogo ya mji. Kushoto manju alikuwa kijana mwenye sauti nyembamba. Kulia mzee, sauti yake imekauka. Kwa muda mrefu watu walimzunguka kijana. Kisha mzee akanyamaza kabisa, akaacha ngoma kubwa peke yake ipige taratibu. Shangazi, niliona kwa macho yangu wanawake wenye watoto mgongoni wakigeuka, mmoja, wawili, halafu wote, kama mtama unavyolala upepo ukibadilika. Nami nilijikuta nimeshavuka bila kukumbuka nilivuka saa ngapi.

Baadaye nilimfuata mpigaji wao nyuma ya mti. Alikuwa ameinamisha ngoma juu ya moto wa nyasi kavu, akiizungusha polepole, kila mara anaigusa ngozi kwa kidole cha kati na kusikiliza, shingo upande. Aliitoa motoni mara tatu kabla hajaridhika. Nikamuuliza: kilichotuvuta ni samba au ni ngoma? Hakujibu. Aliniambia nivue viatu, kisha akapiga mara moja, kwa nguvu. Mlio uliingia kwa nyayo kabla sijausikia masikioni, au ndivyo nilivyohisi.

Hapo ndipo nilipowaelewa Bayeye, wale wacheza nyoka. Wanajua dawa za sumu ya nyoka, na watu huwategemea kwa hilo. Palepale uwanjani mmoja wao alicheza na chatu shingoni. Nyoka hana tundu la sikio. Mtetemo wa ardhi anaupokea kwa taya. Yule Muyeye alipomlaza chatu mchangani karibu na ngoma, kichwa kilitulia chini, kidevu kimegusa ardhi. Watu wakasema ni dawa. Mimi niliwaza kwamba pengine yule mnyama, katika sisi sote pale, ndiye aliyekuwa akiisikia ngoma sawasawa.

Jumatatu nilikwenda Geita, ambayo imekuwa mkoa tangu 2012. Nilikaa na wachimbaji wadogo. Pale ardhi inatetemeka mchana kutwa, lakini kwa makarasha yanayosaga mawe. Wanaosimama karibu nayo huongea kwa mikono. Kijana mmoja alinionyesha duara lao: shimo jembamba, kamba, tochi ya kichwani. Aliniambia wapo wasioshuka kabla ya kwenda kwa mganga.

Sitakuficha. Kanda hii ndiko ambako watu wenye ualbino wameuawa na kukatwa viungo, hasa tangu kama 2007, kwa sababu ya waganga walioahidi utajiri. Neno ni hilohilo, dawa. Ila samba inatafutwa ili watu waje, na ile nyingine inamwondoa mtu duniani. Inaniuma sana kuona zote mbili zinawekwa kapu moja, huko kwetu na magazetini, hata mtoto wa Kisukuma akaona haya kusema babu yake alikuwa Mugika.

Jioni makarasha yalizimwa. Masikio yalibaki yakivuma. Kijana mmoja akageuza dumu la maji, akaanza kulipiga kwa kiganja, na mwingine akaitikia kutoka upande wa pili wa kifusi. Waliokuwa wakiosha mchanga waliinua vichwa. Nilivua viatu.

Nina swali moja, nakuomba uwaulize wapiga matwari pale nyumbani: wanapoipasha ngozi motoni, wanajuaje imefika? Wajibu kwa maneno yao, nami nitampelekea yule mpigaji wa Shinyanga. Ameniuliza kama pwani tunazipasha moto ngoma zetu, nikaona haya kwa kuwa sikuwa na jibu.

Mwanao