Gede: Kicheko Kisicho na Uongo

Msafiri atokaye Malindi kuelekea kusini huwasili Gede baada ya kilomita zipatazo 16. Humo msituni yamesimama magofu ya mji wa Kiislamu: msikiti wa Ijumaa, kasri, visima, na kaburi lililoandikwa mwaka 802 wa Hijria, yaani 1399. Mwaka 2024 UNESCO iliutia mji huu katika orodha ya urithi wa dunia. Lakini watoto huyasahau yote hayo mara wamwonapo kima juu ya ukuta, akiwatazama kana kwamba yeye ndiye mwenye mji na wao wameingia bila hodi.

Hapo simu hutolewa, wala si vibaya. Filamu fupi ya kuchekesha haihitaji mali nyingi: simu moja, jiwe la kuiegemeza, subira, na msimulizi mwenye maneno. Swali ni kicheko kitapatikana wapi.

Ipo njia ya mkato: kuwatupia kima ndizi wagombane, au kumkurupusha mnyama ili aruke. Hata mabingwa wameipita. Filamu ya Disney iitwayo White Wilderness, ya mwaka 1958, ilionyesha vijinyama mfano wa panya wakijitosa majini kwa hiari yao. Baadaye ikabainika kwamba walisukumwa. Filamu ilipata tuzo ya Oscar, na uongo wake ungali ukisadikiwa na wengi.

Njia ya pili ni kutazama. Msitu wa Gede una sange mwenye pua ndefu kama mkonga mdogo na makalio ya rangi ya dhahabu. Makao yake ni misitu ya pwani yetu. Dume na jike huishi eneo moja miaka yote, lakini kila mmoja hushika njia yake, na kukutana kwao ni kwa nadra. Adui akitokea, rangi ile humvuta ashambulie nyuma, ambako ngozi ni nene kuliko kwingineko. Ni mama gani atakayesimulia nyumba ya namna hii asipate la kuchekesha?

Tumefundishwa kwamba Mtume (s.a.w.) alifanya mzaha, lakini hakusema ila kweli. Kumpa sange maneno ya binadamu ni mchezo ambao kila mtazamaji anauelewa. Kumtesa ni dhuluma, na kumzulia tabia asiyokuwa nayo ni uongo.

Adabu hiyo itufuate hadi vijiji vya jirani, kwenye jogoo mgomvi na mbuzi mdokozi. Tubishe hodi, tuombe ruhusa, na mwenye nyumba aione filamu kabla ya kutumwa kwa wengine. Asipocheka yeye, ifutwe.

Nendeni asubuhi, mkae kimya karibu na majani makavu. Sange husikika kabla ya kuonekana. Na kina mama msiopenda sura zenu zionekane, kazi hii yawafaa: kamera humwelekea mnyama, nanyi mna jicho na maneno.