Hayakuwemo kwenye Ratiba

Mji wa kale tulioonyeshwa Oktoba 1985 ulikuwa wa kale nusu tu; nusu nyingine ilikuwa bado inajengwa. Treni ilitushusha Xi'an alfajiri, macho mekundu kwa usingizi wa vitanda vigumu vya ghorofa tatu, na kitu cha kwanza tulichokiona nje ya stesheni ni ukuta wa mji uliokatika. Ulikuja kutoka kushoto, mpana na mrefu, kisha ukaisha ghafla kama uliochoka, ukaendelea tena mbali upande wa pili. Basi letu likapita kwenye pengo.

Ukuta ule ni wa enzi ya Ming, ulianza kujengwa miaka ya 1370. Una kimo cha mita 12 na mzunguko wa kilomita 13.7, na juu yake magari yanaweza kupishana. Ndani ni udongo ulioshindiliwa, nje ni matofali. Matofali hayo ndiyo yaliyokuwa yamekwisha, maana kwa miaka mingi watu walikuwa wakiyabandua kwenda kujengea majiko na mabanda, na mahali pengine walitoboa mahandaki ya kujificha mabomu. Mwaka 1983 serikali ikaanza kuukarabati. Sisi tuliukuta katikati ya kazi hiyo: marundo ya matofali mapya ya kijivu, mikokoteni, chokaa, na chini kwenye handaki la maji watu wa mjini, wake kwa waume, wakitoa tope kwa majembe. Mwongozaji wetu alitupitisha haraka. Alisema tukirudi siku nyingine tutaukuta mzima. Alisema kweli, ila ilichukua muda: pengo lile la stesheni lilizibwa 2004.

Wakati huo nilikuwa nasomea ufundi wa nguo Shanghai. Nilitoka kiwanda cha Urafiki, pale Ubungo, ambacho kilifunguliwa 1968 kwa msaada wa Wachina. Mitambo ilikuwa yao na vibandiko vyake vilikuwa vya Kichina, kwa hiyo ikaonekana bora wachache wetu tupelekwe tukajifunze kuvisoma. Kila msimu wa mapukutiko wanafunzi wa kigeni walitolewa ziara fupi, na mwaka ule ikawa zamu ya Xi'an. Tulikuwa mchanganyiko: Wazambia, Wasudani, Wakorea wa Kaskazini waliokaa peke yao, Wayemeni, Mwitaliano mmoja aliyekuja kwa nauli yake. Alikuwapo pia mwalimu wa chuo, mzee mpole ambaye kazi yake, kwa nilivyoona, ilikuwa kutuhesabu kila tunapopanda basi.

Mwongozaji alikuwa binti wa miaka ishirini na kitu, nywele kasuka mikia miwili, mkono mmoja kibendera, mkono wa pili kipaza sauti. Kiingereza chake, alituambia, kilitoka redioni. Alikuwa na tarehe zote kichwani na alizimwaga bila kupumua. Hapa ndipo Chang'an, mji mkuu wa enzi ya Tang, mitaa yake imepangwa kwa mistari iliyonyooka, wakazi wapatao milioni moja wakati miji mingi ya dunia ni vijiji. Kulia Mnara wa Kengele, 1384. Kushoto Mnara wa Ngoma, 1380. Pagoda ya Bata Bukini, ilijengwa 652 ili kutunza vitabu vya Kibuddha alivyovileta mtawa Xuanzang kutoka India. Tukashuka, tukapanda ngazi, tukashuka ngazi, tukahesabiwa.

Siku ya kwenda Lintong ndiyo kila mtu alikuwa akiisubiri, kwa sababu ya lile jeshi la udongo. Basi lilielekea mashariki. Njia nzima kulikuwa na baiskeli, miti iliyopakwa chokaa, na vumbi la manjano la nchi ile ambalo huingia mpaka kwenye chai. Halafu nikaona dirishani mapaa ya meno ya msumeno. Mtu aliyefanya kazi kiwanda cha nguo hahitaji kuelezwa: mapaa ya namna ile hujengwa ili mwanga uingie sawasawa juu ya mitambo ya kufuma. Moja, la pili, la tatu, mtaa mzima. Zamu ilikuwa inatoka. Wanawake mamia kwa mamia, kofia nyeupe, aproni nyeupe, pamba imewaganda kwenye nyusi. Huo ndio Fangzhicheng, mtaa wa viwanda vya nguo, ambao nilikuwa nimeusikia darasani.

Nikasimama. Nikamwita mwongozaji ndugu, kama walivyoitana wao na kama tulivyoitana sisi nyumbani miaka ile, nikamwomba tusimame pale dakika kumi tu, hata kama ni getini. Akafungua karatasi zake, akazipitia kwa kidole. "Hayo ni mapya," akasema. "Hayamo kwenye ratiba."

Yalikuwa majengo ya miaka ya 1950, marika yangu. Wazambia wakanicheka: umetoka kiwandani Dar es Salaam, umekuja China yote hii kuangalia kiwanda! Kwa kweli ndicho nilichokuwa nimekijia.

Badala yake tulisimamishwa hatua chache kutoka pale, Banpo, kwenye mabaki ya kijiji cha miaka kama 6,000 iliyopita. Wenzangu walipachoka upesi, maana ni mashimo ya nguzo na makaburi ya watoto waliozikwa ndani ya mitungi. Mimi nilikwama kwenye kabati la vyungu. Chini ya baadhi yao, pale fundi alipokalisha udongo mbichi, kuna alama ya msuko wa mkeka. Nimezaliwa Makunduchi, mama yangu alisuka ukili maisha yake yote. Mkono ule niliutambua, unapita juu unapita chini, bila kosa. Pembeni kulikuwa na sindano za mifupa na vigurudumu vya udongo vya kusokotea uzi. Kwa hiyo niliruhusiwa kuona ufumaji, mradi tu mfumaji awe amekufa zamani sana.

Jeshi lenyewe nitalieleza kama lilivyokuwa, kwa sababu anayekwenda leo anaona kitu kingine. Wakulima waliokuwa wakichimba kisima waliligundua Machi 1974, na makumbusho yakafunguliwa Oktoba 1979. Sisi tulionyeshwa shimo la kwanza tu. La tatu lilifunguliwa 1989 na la pili 1994. Shimo hilo lina mita 230 kwa 62. Inakadiriwa limebeba askari kama 6,000, lakini waliosimama siku ile ni wa safu za mbele. Nyuma yao kulikuwa na vita iliyokwishapiganwa: vichwa, mikono, vifua, vyote vimelaliana kwenye udongo. Tulisimama juu kwenye njia ya kandokando, kupiga picha kulikuwa marufuku, na watu wote wakanyamaza isipokuwa kipaza sauti.

Kipaza sauti kilisema ni kaburi la Qin Shi Huang, aliyeziunganisha falme za China mwaka 221 kabla ya Kristo na kufa 210. Kwamba kilima chenyewe alimolazwa hakijafukuliwa. Kwamba mwanahistoria Sima Qian, aliyeandika karne moja baadaye, alisema watu 700,000 walitumikishwa kulijenga. Mzambia mmoja, mtoto wa mgodini, akauliza walikula nini. Binti akacheka, akasema atauliza. Nadhani alisahau, lakini swali hilo limenikaa kuliko idadi ya askari.

Kwenye kabati pembeni alikuwapo mpiga mshale aliyepiga goti. Kwa kuwa amepiga goti, unyayo wa mguu mmoja umegeuka na soli ya kiatu inaonekana. Fundi alichora kila mshono wa ile soli. Na hakuchora ovyo: mishono imebanana kwenye vidole na kisigino, ikaachana katikati ya wayo, kama mshonaji wa viatu vya kitambaa anavyofanya ili soli idumu pale inapolika na ipinde pale inapopinda. Mfinyanzi yule alijua kushona, au alikaa karibu na aliyejua. Soli hiyo, nyuma ya sanamu lililokusudiwa kufukiwa gizani! Nilisikia kipaza sauti kinaita, nikasikia jina langu, nikaendelea kutazama mpaka mzee wa kuhesabu akaja kunishika kiwiko.

Nje, wanawake wa vijijini walipanga komamanga barabarani. Lintong inasifika kwa komamanga. Waliuza pia askari wadogo wa udongo na vizibau vya watoto vilivyoungwa kwa vipande vya vitambaa. Nilikigeuza kimoja nikakagua bitana, muuzaji akaniangalia kwa heshima mpya na bei ikashuka kidogo. Watu wakatuzunguka, si kwa ubaya, ila walitukodolea macho kama tulivyowakodolea wale wa shimoni, na mtoto mmoja akaomba kugusa nywele zangu. Nikainama.

Kukodolewa macho huko kulinifuata hadi makumbusho ya jimbo. Wakati ule yalikuwa ndani ya hekalu la zamani la Confucius, pamoja na mkusanyo wa mawe yenye maandishi ulioanzishwa 1087. Kuna mawe 114 yaliyochongwa mwaka 837, vitabu vitakatifu vya Wachina neno kwa neno, pande zote mbili, ili mnakili yeyote asije akadai hakujua neno sahihi. Mafundi walikuwa wakiyalazia karatasi mbichi na kuigonga wino, na mlio wake ulisikika ua mzima. Lakini nilikuwa nasema habari ya macho. Kwenye kabati, kati ya ngamia na farasi wa Tang wenye rangi za asali na kijani, kulikuwa na kisanamu cha shubiri moja: mtu mweusi, nywele zimejikunjakunja, kitambaa kimepita begani, miguu peku. Familia moja iliyokuja na bibi yao ikakitazama, ikanitazama mimi, ikakitazama tena. Bibi akatamka, bila kunong'ona, kwamba tumefanana.

Nikacheka. Msudani aliyekuwa nami hakucheka. "Huyo alikuwa mtumwa," akasema kwa Kiarabu, kisha akarudia kwa Kichina ili asikike. Binti akainua kibendera, tukasogea chumba kingine.

Baadaye nimesoma. Watu wa Tang waliwaita weusi kama yule Kunlun, jina lililowahusu kwanza watu wa visiwa vya kusini mashariki ya Asia, na wataalamu bado wanabishana kama baadhi yao walitoka kwetu. Ninachojua ni kwamba vigae vya vyombo vya enzi hiyo hiyo vimechimbuliwa Shanga na Manda, visiwani Lamu. Vyombo vilifika, mtu naye angeweza kufika. Lakini nadhani Msudani yule aliona kitu ambacho mimi, kwa furaha ya kutambuliwa na bibi, sikukiona.

Msikiti Mkuu uko kichochoroni nyuma ya Mnara wa Ngoma, kwenye mtaa wa Waislamu wa Kihui. Una jiwe linalodai ulianzishwa mwaka 742. Majengo yenyewe ni ya Ming na baada yake. Huoni kuba. Unaingia ua baada ya ua, miti, mapaa ya vigae yaliyopinda ncha, na mnara ni banda la ghorofa tatu lenye pembe nane. Nyumba za ibada za Wachina kwa kawaida hutazama kusini. Msikiti huu umelala mashariki kwenda magharibi, kwa kuwa Makka iko magharibi yao, wakati sisi Unguja tunaelekea kaskazini. Nilizoea kujisifu kwa msikiti wa Kizimkazi, maandishi yake ya mwaka 1107. Pale nilinyamaza.

Mzee mmoja mwenye kofia nyeupe alijibu salamu yangu kwa herufi zote za Kiarabu zikiwa zimelainishwa. Akauliza nchi. Nikamwambia. "Reli!" akasema, yaani ile tuliyojengewa na Wachina, na akataja jina la Nyerere kwa Kichina. Tukaswali adhuhuri, na baada ya hapo akamwambia binti, si kwa kumwomba, kwamba mimi na Msudani tunakwenda kula naye. Binti akatazama karatasi, akamtazama mzee, akazikunja.

Chakula chao kile, paomo, unapewa bakuli tupu na mikate miwili migumu, na kazi ni yako. Unaimega kwa vidole hadi iwe punje ndogo, ndipo bakuli linarudi jikoni linapikiwa supu ya kondoo. Nilimega mapande makubwa kwa njaa. Mzee akalivuta bakuli langu, akaonyesha kwa kucha ukubwa unaotakiwa, akalirudisha. Ilichukua karibu saa nzima, na muda wote huo aliongea: bei ya kondoo, mwanawe aliyeajiriwa kiwandani Fangzhicheng, kelele za mitambo zilizomfanya kijana asisikie vizuri sikio moja. Nikamwambia na mimi langu la kushoto. Kitunguu saumu kilichochachushwa kwa sukari kilikuwa mezani, tukakimaliza.

Viwanda vile vingi sasa vimefungwa. Nimesoma kwamba baadhi ya majengo yamegeuzwa karakana za wachoraji, na watu hulipia kahawa chini ya yale mapaa. Mpwa wangu alikwenda Xi'an juzijuzi, kwa kundi lenye kibendera vilevile. Siku ya mapumziko akaenda Lintong peke yake kwa treni ya chini ya ardhi, na kwa njia hiyo lazima ubadilishe treni katika stesheni iitwayo Fangzhicheng. Nilimpigia simu nikamuuliza pakoje. Akasema alikaa pale kidogo, hakutoka nje, treni ya pili ilikuja upesi.